Jylland, kwa Mgongo wa Nguruwe

Treni ya Hamburg huingia Denmark pale Padborg, na msafiri aliyesinzia hawezi kujua kwamba amevuka mpaka. Mashamba ni yale yale, mawingu ni yale yale. Kilichobadilika kiko chini, usawa wa kifua cha mtu mzima: uzio wa chuma unaokata rasi yote kutoka bahari ya mashariki hadi ya magharibi, kilomita 70 hivi. Ulikamilika Desemba 2019. Mtu akitaka kuuruka anauruka, na penye barabara kuu uko wazi. Anayezuiwa ni nguruwe mwitu.

Kinachoogopwa kina asili ya kwetu. Homa ya nguruwe ya Afrika ilielezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza nchini Kenya mwaka 1921, na daktari wa mifugo R. Eustace Montgomery, baada ya nguruwe wa walowezi kufa kwa wingi. Porini kwetu virusi vyake hukaa kwa ngiri na kwa papasi wa mashimoni mwao, na ngiri hata hasikii. Nguruwe wa kufugwa vikimpata, mara nyingi hachukui wiki mbili. Mwaka 2007 ugonjwa ulitua Georgia, 2014 ukawa Poland, 2018 China, na Septemba 2020 Ujerumani. China ikafunga mlango kwa nyama ya Ujerumani palepale. Wadenmark waliokuwa wameucheka uzio huo, na walikuwa wengi, kicheko kikapungua. Nchi hii huuza nje karibu asilimia 90 ya nyama yake ya nguruwe, katika nchi zaidi ya 100. Mzoga mmoja tu wa nguruwe mwitu ukikutwa na virusi msituni, wanunuzi wa mbali wanaweza kufunga milango siku hiyo hiyo.

Nimeanza na uzio kwa sababu ndiyo njia ya haraka ya kuielewa Jylland, ile rasi iliyoungana na bara huku visiwa na mji mkuu Copenhagen vikiwa upande wa mashariki. Watalii wengi huishia Copenhagen. Hasara ni yao. Jylland ni nchi ya ngano na shayiri, ya barabara nyembamba zinazopita katikati ya mashamba yaliyochanwa kwa mpangilio, na makanisa meupe ya mawe yaliyokaa vilimani kwa karne nane. Nimesema vilimani kwa heshima tu: kilele cha juu kabisa cha nchi nzima, Møllehøj, kina mita 171, na mtu wa Lushoto akionyeshwa ataomba aonyeshwe tena. Lakini mwanga wake! Jioni za Juni jua halina haraka. Saa nne usiku bado mtu anasoma gazeti nje, na shayiri inabadilika rangi upepo ukipita juu yake.

Jambo la ajabu ni kwamba nguruwe hawaonekani. Wako karibu mara mbili ya watu, na watu ni kama milioni 6, lakini unaweza kuvuka Jylland nzima usione hata mmoja. Wamo ndani ya mabanda marefu ya kijivu yenye matangi ya chakula pembeni, mbali kidogo na barabara. Ukitaka kujua kwamba wapo, njoo mwezi Machi au Aprili, wakulima wanapomwaga samadi ya majimaji mashambani. Harufu hiyo hupenya hata kwenye gari lililofungwa vioo. Nani alaye ile shayiri yote? Ndio hao.

Haikuwa hivi tangu zamani. Mwaka 1864 Denmark ilipigwa vita na Prussia na Austria, ikapoteza Slesvig na Holsten, na pamoja nazo njia za kusini ilizozoea kupitishia mazao. Haijatulia, nafaka rahisi kutoka Marekani na Urusi ikafurika Ulaya miaka ya 1870 na bei ya ngano ikaanguka. Nchi nyingine zilijifungia kwa ushuru. Mkulima wa Denmark alifanya hesabu nyingine: kama nafaka ni rahisi, basi inunuliwe, ilishwe mifugo, na kiuzwe kile ambacho mfugo umekifanya. Mwaka 1882 wakulima wa kijiji cha Hjedding, magharibi mwa Jylland, waliungana kujenga kiwanda cha maziwa kilicho mali yao wenyewe. Jengo lipo hadi leo, ni makumbusho madogo ambayo ukipita kwa kasi hutayaona. Krimu ilitengenezwa siagi ya kupeleka Uingereza. Maziwa yaliyobaki bila krimu yalirudi kwa mkulima, na mkulima akampa nguruwe. Kila kiwanda cha siagi kilichoongezeka kiliongeza nguruwe nyuma yake.

Nguruwe hao waliuzwa wakiwa hai, Ujerumani. Mwaka 1887 Ujerumani ikafunga mpaka, ikitaja magonjwa. Wakulima wa Horsens hawakungoja serikali. Mwaka huo huo wakaanzisha machinjio ya ushirika, ya kwanza nchini, ili nyama iliyokatazwa kwenda kusini kwa miguu iende magharibi kwa meli, ikiwa tayari imetiwa chumvi. Utaratibu wao ulikuwa mwepesi kuusema na mgumu kuufuata: mwanachama ataleta nguruwe wake wote hapo, hata jirani akimwahidi bei nzuri zaidi, na mkutanoni kura zitahesabiwa kwa vichwa vya watu, si vya mifugo. Mwenye nguruwe 200 na mwenye 2 walikuwa sawa. Msomaji wa Moshi au Nyeri ataitambua sheria hiyo, na si kwa bahati: kuanzia miaka ya 1960 wataalamu wa ushirika kutoka nchi za Nordiki walifanya kazi Kenya na Tanzania, wakiwa na mafunzo hayo mkobani. Kwamba vyama vyetu vingi vilikwenda mrama ni habari ndefu ya siku nyingine. Ninachoweza kusema ni kwamba Horsens hakuna aliyewateulia mwenyekiti.

Mwingereza naye alikuwa na masharti yake. Kwenye kifungua kinywa alitaka bekoni ya mgongo, yenye nyama nyingi na mafuta machache. Wadenmark wakamtengeneza nguruwe wa namna hiyo: wa kienyeji akapandishwa na wa Kiingereza, na kizazi baada ya kizazi wakachaguliwa wenye mgongo mrefu, hadi likapatikana kabila la Landrace, ambalo mara nyingi huwa na mbavu zaidi ya nguruwe wa kawaida. Mbegu hiyo waliilinda kama hirizi. Mwaka 1934 Wamarekani walipokubaliwa kuchukua wachache, walitia saini kwamba hawatauza walio safi wa kabila hilo. Nyama na siagi vikapewa nembo moja, lur, tarumbeta ya shaba ya kale, ili mnunuzi ajue anachokinunua. Anayeishi Muscat au Dubai ameishika nembo hiyo mara nyingi bila kujua. Siagi ya Lurpak iliyojaa madukani huko imelelewa nyumba moja na bekoni.

Horsens yenyewe ni mji wa kupendeza usiojisifu. Uko kichwani mwa ghuba, una barabara ya maduka pana kuliko mahitaji yake, na gereza kuu la zamani lililogeuzwa makumbusho na uwanja wa matamasha. Vitus Bering, ambaye jina lake limebebwa na mlango-bahari kati ya Asia na Amerika, alizaliwa hapa 1681. Nje kidogo ya mji ndipo yalipo machinjio ya kampuni ya Danish Crown, yaliyofunguliwa 2004, moja ya makubwa duniani. Wiki yenye kazi tele hupitisha nguruwe 100,000.

Wanakaribisha wageni. Hilo ndilo lililonishangaza kuliko ukubwa wake, maana kwingine ukitaka kuona machinjio utaambiwa meneja hayupo. Hapa vikundi huomba nafasi mapema, na ujia wenye vioo umejengwa juu ya sakafu ya kazi, kutoka malori yanaposhusha hadi masanduku yanapofungwa. Nguruwe hupumzishwa kwanza chini ya manyunyu ya maji. Kisha vimilango hujifunga nyuma yao, wachache wachache, hadi kwenye lifti inayowashusha penye hewa ya kaboni. Wanaporudi juu hawana fahamu. Baada ya hapo ni minyororo na ndoano. Msumeno unaoongozwa na mashine hupasua uti wa mgongo katikati, na mwili unakuwa pande mbili zinazoning'inia. Nilisimama muda mrefu zaidi kwenye ukumbi wa kukata. Chini yangu mwanamume aliyevaa glavu ya pete za chuma alikuwa anatenganisha kiuno na ubavu. Kisu kiliingia, kikazunguka mfupa, kikatoka, na kabla ya pande lililofuata kufika tayari alikuwa amekinoa mara mbili. Hakutazama juu hata mara moja. Wenzake wengi wametoka Poland na Romania. Si mahali pa kila mtu, na mwenye moyo mwepesi abaki nje anywe kahawa.

Kutoka hapo kila kiungo kina kwao. Mgongo bado unaiendea Uingereza. Viuno vilivyogandishwa hupelekwa Japani, mapaja huenda Italia kukaushwa, na sehemu nyingine husindikwa Ujerumani na Poland. Miguu, masikio, vichwa na mikia huenda China, ambako ni vitu vya thamani. Ndiyo sababu Beijing ilipoanza uchunguzi wa bei za nyama ya nguruwe ya Ulaya mwaka 2024, katikati ya ugomvi wake na Ulaya juu ya magari ya umeme, wafugaji wa Jylland wasiotengeneza hata baiskeli ya umeme walikosa usingizi. Utumbo huoshwa na kuwa maganda ya soseji, na utando wake wa ndani hutoa heparini, dawa ya kuzuia damu kuganda. Kongosho lina habari yake. Mwanasayansi August Krogh, ambaye mkewe Marie alikuwa na kisukari, alirudi kutoka Toronto mwishoni mwa 1922 na ruhusa ya kutengeneza insulini. Nchi iliyojaa machinjio ilikuwa na malighafi tele, na hadi miaka ya 1980 maelfu ya wagonjwa duniani waliishi kwa kongosho la nguruwe wa Denmark, baadhi yao watu wasioweza kumweka nguruwe huyo mezani.

Magharibi, kama saa moja na nusu kwa gari, ni Esbjerg. Mwaka 1868 bunge lilipopitisha sheria ya kujenga bandari hapo palikuwa na nyumba chache na mchanga mwingi. Leo ni mji wa tano kwa ukubwa nchini. Nchi iliyokuwa ikitazama kusini ilijigeuza mzima mzima ikatazama London, na hata ilipojiunga na Jumuiya ya Uchumi ya Ulaya, Januari 1, 1973, ilijiunga siku moja na Uingereza. Mwenye duka hamwachi mteja wake aende peke yake. Wakati wa Brexit urafiki huo ulikuwa umeshapoa. Meli ya abiria ya Esbjerg hadi Harwich ilisimama 2014, na gatini sasa mzigo unaovutia macho ni mabawa ya mitambo ya upepo. Pwani wameketi watu wanne weupe wa zege, kila mmoja mita 9, kazi ya Svend Wiig Hansen ya 1995, migongo wima, wamekodolea bahari. Wenyeji hukutana hapo kunywa bia na kulalamika juu ya upepo.

Sifa zangu zina mipaka. Mishahara ya wachinjaji ni mizuri, na kwa sababu hiyo hiyo vitoto vya nguruwe zaidi ya milioni 10 kila mwaka hupakiwa hai kwenda kunenepeshwa Poland na Ujerumani. Machinjio ya Ringsted, mashariki, yalifungwa 2024 na wafanyakazi kama 1,200 wakapoteza kazi. Samadi ninayoitania huishia baharini. Aprili mwaka huo wananchi waliifanyia ghuba ya Vejle mazishi ya hadharani, maana mbolea imemaliza hewa majini na samaki wametoweka. Ghuba hiyo ni nzuri mno, imezungukwa na misitu ya mifuune, na ukiiangalia kutoka juu hujui kwamba chini ni kaburi. Baada ya hapo bunge likakubali kodi ya hewa chafu ya mifugo kuanzia 2030, ya kwanza ya aina yake duniani. Wakulima walikaa meza moja na wanamazingira kuipanga. Nimekutana na wanaoichukia na wanaoiona ndogo mno, lakini sijakutana na aliyesema haimhusu.

Basi tule. Mlaji wa kitimoto asiondoke bila nyama ya kuoka ya ngozi kavu: ngozi huchanjwa mistari myembamba, chumvi ya mawe ikasuguliwa hadi ndani ya kila mchanjo, jani la bei likachomekwa hapa na pale, kisha oveni kali. Ikitoka, ngozi hulia mdomoni. Huliwa na kabichi nyekundu na viazi vilivyokaangwa kwa sukari, hasa usiku wa Desemba 24. Mtaani kuna vigari vya soseji nyekundu, vilivyoanza Copenhagen 1921.

Na asiyekula nguruwe? Mwaka 2016 baraza la mji wa Randers lilipitisha kwamba nyama hiyo iwe sehemu ya vyakula vya taasisi za umma, kana kwamba ilikuwa hatarini kutoweka. Upuuzi mtupu, na Wadenmark wengi watakuambia hivyo wenyewe. Wewe panda kivuko cha Esbjerg, dakika 12 tu umefika kisiwa cha Fanø. Agiza bakskuld, samaki bapa aliyetiwa chumvi, akaanikwa kama ng'onda, akapigwa moshi, kisha akakaangwa kwa siagi na kuletwa na mkate mweusi wa shayiri nyekundu. Mpe mhudumu nafasi akueleze mifupa imekaaje, halafu uliza kivuko cha mwisho ni saa ngapi.