Kishikizo na Mkono Mmoja

Kwa miaka arubaini nilivaa mashati bila ya kujiuliza kishikizo hufungwa vipi. Vidole vilifanya kazi yao, na akili ilikuwa imeshatoka mlangoni. Elimu hii ndogo nilianza kuisoma mwaka 2016, marehemu baba yangu alipopatwa na kiharusi na mkono wake wa kulia ukapooza. Mama alikuwa ameshatangulia mbele ya haki, kwa hivyo kumvisha lilikuwa jukumu langu.

Asubuhi moja, kwa pupa zangu, nilimfunga shati kombo: kishikizo cha pili nilikitia katika tundu la tatu. Wageni waliokuja kumjulia hali waliona, wakanyamaza kwa heshima. Walipoondoka, baba aliligeukia dirisha, akasema, "Mwanangu, mimi nikijifunga mwenyewe tangu sijatiwa chuoni." Hakuongeza neno. Nami nilitahayari, kwani nilifahamu kwamba nguo niliyomvisha haikuwa sitara kwake.

Wahenga walisema mkono mmoja haulei mwana; sikujua kuwa haufungi hata shati. Jaribu, msomaji, kwa mkono wa kushoto peke yake. Kidole gumba hukisukuma kishikizo, lakini hapana wa kulishika tundu, na nguo hukimbia. Tena shati la kiume limekatwa kwa hesabu ya mkono wa kulia: vishikizo viko upande wa kulia wa mvaaji, na matundu upande wa kushoto. Aliyenyimwa mkono ule amenyimwa na shati lake.

Nikatafuta hila. Kwanza niliifikiria zipu, hata nikaisoma tarikhi yake. Mmarekani Whitcomb Judson alipata hataza ya kifungio cha viatu mwaka 1893, lakini chombo chake hakikuwa cha kutegemewa; ilipofika mwaka 1913 ndipo Gideon Sundback, mhandisi mzaliwa wa Uswidi, alipobuni meno madogo yanayoumana barabara. Kazi nzuri, lakini zipu ya nguo iliyo wazi mbele hutaka ncha mbili zikutanishwe kwanza pale chini, na kuzikutanisha ni kazi ya mikono miwili.

Baadaye nikaujaribu utepe wa kunasa, uitwao Velcro. Asili yake ni matembezi ya mhandisi wa Uswisi, George de Mestral, mwaka 1941: yeye na mbwa wake walirudi nyumbani wameganda mbegu zenye kunasa, kama zile za kishonanguo chetu, naye akazitazama kwa hadubini akaona vikulabu. Nilimtilia baba utepe huo katika shati moja. Alilivaa siku moja tu. "Kila nikilifungua," alisema, "nasikia kama nguo yangu inararuliwa."

Ilibaki kanzu, ambayo haina safu ya vishikizo. Lakini kanzu huvaliwa kwa kupitishwa kichwani, na bega lake lililopooza lilimuuma mno kila tulipouinua mkono.

Ndipo nilipomwendea fundi mmoja mzee, Darajani. Nilimwamkia, nikamweleza haja yangu, naye akaniwekea kigoda karibu na cherehani yake. Alinifundisha kwamba urefu wa tundu si upana wa kishikizo tu. Huongezwa na unene wake. Tundu la kulala hustahamili mvuto kuliko la kusimama, kwa sababu kishikizo huteleza hadi ukingoni kikatulia. Kisha akaweka kijiti cha kiberiti juu ya kishikizo, akashona juu yake, akakichomoa kijiti, na uzi uliolegea akauzungusha mara kadhaa chini ya kishikizo mpaka kikapata shingo.

"Kisicho na shingo hukabwa na nguo," alisema. "Tazama shati la mzee wako. Hamkumwachia pahala pa kutia kidole."

Nilirudi nyumbani na vishikizo vikubwa, sindano na uzi. Nilijidunga vya kutosha. Mashati matatu yalinichukua wiki mbili: nilirefusha matundu, nikayalaza, nikavipa vishikizo shingo ndefu. Siku ya kwanza baba alitumia robo saa nzima kujifunga, nami nimekaa mbele yake, mikono nimeifumbata nisije nikamsaidia. Alipomaliza aliipapasa safu yote kwa kidole, toka juu hadi chini. "Haya," akasema, "twende msikitini."

Aliishi miaka mitatu baada ya hapo. Sanda haina kishikizo, wala haina mshono. Hufungwa kwa vitambaa tu, na vifundo vyake hufunguliwa maiti akishalazwa kaburini. Mimi ni katika walioshuka. Nilivifungua vifundo vile taratibu, kwa mkono wa kushoto, sijui kwa nini.

Mashati mawili tuliyatoa sadaka. Moja ninalo. Kishikizo chake cha juu kimelegea uzi kwa kuvutwa upande mmoja kila siku. Mke wangu ameniuliza mara mbili kama akikaze, nami nimemwomba akiache.