Njia ya Kipushi na Kitufe cha Magurudumu Manne

Msomaji mpenzi, ukitoka mjini Lubumbashi na kuelekea kusini-magharibi, mwendo wa kilometa 30 hivi, utafika Kipushi, mji wa machimbo uliokaa mpakani kabisa. Nyumba zake zikiisha, nchi ya Zambia inaanza. Watu wa pande zote mbili ni jamaa. Huoana, huzikana, na mara nyingi utawaona waendesha baiskeli wakirudi kutoka ng'ambo na mifuko ya unga wa mahindi, maana bukari haijui mpaka. Nasi twaipenda njia hiyo tangu utoto wetu. Lakini safari tunayotaka kuwasimulia leo hatukuifanya kwa kupenda. Tuliifanya kwa msiba.

Ilikuwa mwezi wa Januari uliopita. Usiku habari zilitufikia kwamba Baba Mdogo amefariki kijijini kwake, mbali kidogo kupita Kipushi, na ya kuwa maziko yatakuwa kesho yake saa saba mchana. Kaka yake wa pekee aliyebaki, Baba Mkubwa wetu, anakaa nasi Lubumbashi. Kwa desturi ya ukoo wetu, udongo wa kwanza hutupwa na mkubwa wa ukoo. Basi ilitupasa kumfikisha mzee huyo kwa wakati. Tulikuwa ndugu watatu, na motokaa tuliyokuwa nayo ilikuwa mojawapo ya zile za siku hizi, zilizo ndefu kwa kimo kuliko gari dogo la mjini, lakini si magari makubwa ya porini. Katikati ya viti vya mbele kulikuwa na kitufe cha kuzungusha, nacho kimeandikwa AUTO, SNOW, MUD na SAND, yaani gari lijiamulie lenyewe, theluji, matope na mchanga. Kando yake palikuwa na kitufe kingine kidogo, LOCK, maana yake kufunga. Kwa ajili ya vitufe hivyo tuliondoka mjini saa nne bila wasiwasi wowote.

Baba Mkubwa aliketi mbele, kofia magotini. Huyu aliendesha malori ya mgodi wa Kipushi kwa miaka mingi, nao mgodi huo una historia ndefu. Union Minière ilianza kuuchimba mwaka 1924, ukaitwa mgodi wa Prince Léopold. Mwaka 1967 machimbo yote ya kampuni hiyo yalitwaliwa na serikali, ambayo ndiyo yaliyokuja kuitwa Gécamines. Mwaka 1993 kazi ikasimama, na wengi, pamoja na mzee wetu, wakabaki bila mshahara. Maji yakapanda ndani ya mashimo. Mwaka 2024 tu ndipo mgodi ulipoanza tena kutoa zinki. Mzee alituonyesha kwa kidole malori yaliyotupita, akasema, “Wanangu, njia hii tuliijua kabla hamjazaliwa. Si yenye huruma wakati wa mvua.” Tulicheka kwa heshima, tukamwonyesha kitufe.

Sasa, msomaji, ni vema tueleze kitufe hicho hufanya nini hasa, maana wengi wanacho, na wachache wanakijua. Katika magari mengi ya namna hiyo, injini husukuma magurudumu ya mbele. Chini ya tumbo la gari hupita shafti ndefu iendayo nyuma, na karibu na difu la nyuma kuna klachi ya sahani nyembamba nyingi. Kompyuta ikizibana sahani hizo, nguvu hufika magurudumu ya nyuma. Ikizilegeza, haifiki, au hufika kidogo. Katika AUTO, kompyuta husikiliza mwendo wa kila gurudumu, na ikiona la mbele linateleza, huwaita wa nyuma wasaidie. Katika LOCK, sahani hubanwa kwa nguvu, ili mbele na nyuma zisukume karibu sawasawa; lakini katika magari mengi jambo hilo hudumu kwa mwendo wa pole tu, na ukipita kilometa 40 hivi kwa saa, gari hurudi lenyewe katika AUTO.

Sisi kwa ujinga tulibonyeza LOCK tangu mjini, penye lami kavu, tukidhani kwamba kilicho chema porini ni chema popote. Tulipokata kona ya polepole, gari lilinung'unika na kusita, kama ng'ombe anayevutwa asikotaka. Baba Mkubwa akauliza, “Mbona linalia?” Hatukuwa na jibu. Lakini jibu ni rahisi. Penye kona, magurudumu ya mbele hupita njia ndefu kuliko ya nyuma. Yakifungwa pamoja juu ya lami, ambapo tairi haziwezi kuteleza, vyuma vyote vya katikati hukamuliwa kama nguo ya kufuliwa. Kwa hiyo LOCK ni ya udongo laini, matope au mchanga, si ya lami. Tukarudi kwenye AUTO, na kelele ikakoma.

Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha. Katika upande huu wa Katanga hunyesha milimita 1,200 hivi kwa mwaka, na karibu zote huanguka kati ya Oktoba na Aprili. Kando ya njia vichuguu vilisimama virefu kuliko nyumba, vyekundu na vyenye kung'aa kwa maji. Wachuuzi wa makala walisukuma baiskeli zao zilizobeba magunia mawili, matatu, miguu yao ikizama. Tulipita mji wa Kipushi, tukaacha barabara kuu, tukaingia njia ya vijiji. Hapo lami ikaisha, ukabaki udongo mwekundu, laini kama sabuni.

Kwenye mteremko wa kwanza gari lilianza kuteleza ubavu. Mmoja wetu akazungusha kitufe hadi SNOW. Wengine wakamcheka: theluji gani Katanga? Lakini aliyefanya hivyo alikuwa na akili kuliko sisi. Namna hiyo hupunguza ukali wa injini, ili hata ukikanyaga mafuta kwa mguu mzito, magurudumu yapewe nguvu kidogo kidogo. Na udongo wetu wenye maji wateleza kama theluji ya Ulaya. Tulishuka pole, kwa gia ndogo. Hapo tukajifunza pia jambo la pili: kusukuma kwa magurudumu manne husaidia kwenda, hakusaidii kusimama. Gari lolote, hata dogo la mjini, lina breki katika magurudumu yote manne. Mwenye 4×4 akishuka mlima kwa kasi huanguka mtaroni sawa na mwingine, ila huanguka kwa mshangao mkubwa zaidi.

Saa ilipotimia sita na nusu, zilibaki kilometa nne. Mbele yetu palikuwa na dambo, lile bonde la majani lisilo na miti, ambalo wakati wa kiangazi hulishia mbuzi, na wakati wa mvua hunywa maji yote ya milima. Njia ilipita katikati yake. Maji hayakuonekana mengi. Yalitulia tu, yakiakisi mawingu. Baba Mkubwa akasema, “Simameni. Mmoja avue viatu, atembee kwanza ndani. Mguu wa mtu ndio unaojua chini pakoje.” Tuliangalia saa. Tukasema, “Baba Mkubwa, tutachelewa. Gari hili lina namna ya matope.” Tukazungusha kitufe hadi MUD, tukabonyeza LOCK, tukaingia.

Tulikwenda hatua ishirini, labda thelathini. Kisha mbele likazama. Tukakanyaga mafuta, magurudumu yakazunguka, matope yakaruka hadi kwenye vioo, na kwa kuzunguka huko yakajichimbia shimo. Tukazidi kukanyaga. Punde taa ya manjano ikawaka, na magurudumu ya nyuma yakakoma kabisa kusaidia. Kumbe ile klachi ya sahani, ikibanwa na kuteleza kwa muda mrefu, hushika moto mno, na kompyuta huilegeza ili isiungue. Hapo gari la magurudumu manne huwa gari la mawili. Lakini hata kabla ya taa kuwaka tulikuwa tumekwisha kushindwa, kwa maana tumbo la gari lilikuwa limeketi juu ya udongo. Magari ya namna hii hupita juu ya ardhi kwa sentimeta 20 hivi tu. Tumbo likikaa chini, hata magurudumu kumi hayafai kitu, kwa sababu hayabebi tena uzito wowote.

Baba Mkubwa hakutukemea. Alifungua mlango, akavua viatu, akakunja suruali, akashuka katika matope na fimbo yake. “Mimi natangulia,” alisema. “Ninyi mtakuja na gari lenu.” Mmoja wetu alimfuata ili amshike mkono. Wawili tulibaki tukimtazama mzee wa zaidi ya miaka sabini akivuka dambo polepole, akipima kila hatua kwa fimbo, kama alivyotuambia tufanye sisi. Hatukuwahi kuona aibu kama ile.

Watu wa kijiji cha jirani walitusikia, wakaja na majembe. Hawakutuuliza kitufe kimewekwa wapi. Walichimba udongo chini ya tumbo mpaka gari likakaa tena juu ya magurudumu yake. Wakakata matawi ya miti, wakayatandika mbele na nyuma ya tairi. Sisi tukapunguza pumzi katika tairi zote nne, ili zitandazike na kushika mahali pakubwa zaidi. Tukangoja klachi ipoe. Kisha tukazima ule mtambo wa kuzuia kuteleza, ambao mahali penye lami huokoa maisha, lakini katika matope mazito hukata nguvu za injini kila gurudumu linapoteleza kidogo tu. Tukarudi kinyumenyume, taratibu, juu ya alama zetu wenyewe, nalo likatoka. Vijana wawili wakatuongoza kwa njia ya juu, iliyozunguka dambo lote. Ilikuwa ndefu kwa kilometa tatu tu. Tungaliuliza, tungaliambiwa tangu mwanzo.

Tulifika saa tisa. Kaburi lilikuwa limekwisha kufunikwa, na watu wamekaa chini ya mwembe. Tukamwona Baba Mkubwa, matope yamemkaukia hadi magotini. Walikuwa wamemngoja. Jeneza lilikuwa limewekwa kando ya kaburi kwa muda wa saa nzima, na hakuna aliyethubutu kutupa udongo mpaka alipotokea, akiwa na fimbo yake na viatu mkononi. Yeye aliwahi. Sisi, wenye gari, hatukumzika Baba Mdogo.

Jioni tulimwomba radhi. Akanyamaza kitambo, kisha akasema, “Lori letu la mgodini lilikuwa na mkono wa chuma wa kuunganisha magurudumu ya mbele. Aliyenifundisha aliniambia: endesha kwa magurudumu mawili mpaka yashindwe, kisha unganisha manne urudi ulikotoka. Ukianza na manne, utakapokwama, utakuwa umekwama mbali zaidi.” Hakuongeza neno.

Wasomaji wapenzi, tumeandika haya si kwa kuwavunja moyo wenye magari kama hayo. Ni magari mema, na kitufe chake ni msaada wa kweli kwa anayekielewa. Kiachwe katika AUTO penye lami na penye changarawe. Kizungushwe hadi SNOW penye udongo wa kuteleza, na hadi MUD au SAND penye matope au mchanga ambapo magurudumu hayana budi kuzunguka bila kukatiwa nguvu. LOCK ibonyezwe kabla ya kuingia mahali pabaya, si baada ya kukwama, nayo itolewe mara ufikapo penye kushika. Tairi zote nne ziwe za kimo kimoja na zenye meno ya kutosha, kwa kuwa tairi kipara moja huidanganya kompyuta na kuichosha klachi. Jembe na kamba viwemo nyuma. Ukipunguza pumzi katika tairi, uzijaze tena kabla ya kurudi kwenye mwendo wa kasi.

Lakini juu ya hayo yote ujue kwamba kitufe hugawa nguvu tu. Hakiumbi ardhi ya kukanyaga. Kompyuta huona gurudumu likiteleza wakati limekwisha kuteleza. Haioni dambo lililo mbele, wala haijui kina chake. Hayo huyaona mtu aliyeshuka, akavua viatu, au mtu aliyemwuliza mwenyeji. Dakika kumi tulizokataa kumpa Baba Mkubwa zilitugharimu maziko ya ndugu yake. Tangu siku ile, tukifika penye maji ya kutulia, mmoja wetu hushuka kwanza. Na mara nyingi, akiisha kurudi, tunageuza gari na kutafuta njia ya juu.