Eti Chagua Kitu Kimoja? Mwambieni Lupita

Kuna ushauri ambao kila kijana anayejaribu sanaa ameusikia hadi masikio yamechoka: "Chagua kitu kimoja." Kama ni vichekesho, baki huko. Kama ni jukwaa, achana na video. Kama una sauti nzuri, tafuta kazi ya redio utulie. Leo nataka kubishana na huo ushauri, na shahidi wangu ni Lupita Nyong'o.

Najua, stori ya Oscar ya 2014 mmeisikia mara mia. Mimi inanivutia zaidi ile ya baadaye. Uso wake ulikuwa kila mahali, halafu akaenda akauficha! 2015 akawa Maz Kanata kwa Star Wars, kiumbe mdogo mzee aliyechorwa kwa kompyuta. 2016 akawa sauti ya Raksha, mama mbwa mwitu wa The Jungle Book. Na katikati ya hizo akapanda jukwaani New York na Eclipsed, tamthilia ya Danai Gurira kuhusu wanawake waliotekwa vitani Liberia. Ilifika Broadway 2016, akateuliwa kuwania tuzo ya Tony.

Kisha 2019, kwa filamu ya Us, akaigiza watu wawili wanaowindana, mmoja akiwa na sauti ya kukwaruza kama koo lililosahau kuongea. 2024 akawa Roz, roboti wa The Wild Robot. Hapo hana uso, hana mikono, ana sauti tu, inayoanza kama ya mashine na kupata joto polepole.

Ukiangalia vizuri, hizo si kazi tano. Ni kazi moja, ila kila mara ananyang'anywa kitu. Jukwaani ananyang'anywa nafasi ya kurudia. Ukisahau maneno, umesahau mbele ya watu. Kwa katuni ananyang'anywa mwili. Na msee akizoea kufanya kazi bila kitu fulani, siku akirudishiwa anajua thamani yake.

Wala hakuanza hayo baada ya kutajirika. Akiwa na miaka 14 alikuwa Juliet na Phoenix Players hapa Nairobi. The Constant Gardener ilipopigwa Kenya, alikuwa nyuma ya kamera na watu wa kutuma hapa na pale. 2009 tukamwona kwa Shuga, na mwaka huohuo akatoa In My Genes, filamu aliyoiongoza mwenyewe kuhusu Wakenya wenye ualbino.

Sasa nasikia mtu akisema, "Lakini buda, babake ni mwanasiasa na yeye amesomea Yale." Ni kweli, na tusijifanye hiyo haihesabiki. Yeye akianguka kuna godoro. Mimi nikianguka kuna simiti, na mwenye nyumba anangoja kodi tarehe tano.

Lakini hapo ndipo ule ushauri unaponiudhi zaidi. Mwaka jana nilizunguka shule za upili na kikundi tukiigiza Bembea ya Maisha. Kazi poa sana, watoto wanapiga kelele hadi unasahau njaa. Mtihani wa kidato cha nne ukianza, shule zinafunga milango na kikundi kinalala. Kilichonilipia kodi ya Novemba ni sauti yangu, kwa tangazo la sabuni. Ningechagua kitu kimoja, ningekuwa nimerudi kwa mathe. Kwa sisi wa simiti, kufanya mengi ni unga, haina uhusiano na tamaa.

Pale wazee wetu wana pointi ni hapa: Shuga ilitoka 2009, na bado Lupita alikaa darasani Yale hadi 2012. Alikuwa tayari ameonekana kwa runinga, akaenda kusoma jinsi ya kupumua, kusimama, kutamka. Wengi wetu tunafanya vitano, vyote juujuu. Tunaiga sauti tatu tunajiita wasanii wa sauti. Hiyo si kipaji cha mambo mengi, ni kukimbia kila kitu kabla hakijawa kigumu.

Kwa hivyo usiniulize nafanya vitu vingapi. Niulize ni kipi nimekifanyia mazoezi wiki hii bila kamera kuwashwa. Na wewe pia jiulize.