Kitabu cha Wandegeya na sufuria ya mama

Mwezi uliopita walimu wenzangu walinituma Kampala kutafuta vitabu vya darasa. Kushuka tu kwenye basi, watu wa boda wakanizunguka, kila mmoja na bei yake. Nikasema miguu yangu hainidai kitu, nikapanda barabara ya Bombo mpaka Wandegeya.

Kwa wasiofika, Wandegeya iko chini ya Chuo Kikuu cha Makerere. Wanasema jina limetokana na endegeya, ndege wanaosuka viota. Mimi sikuona hata mmoja. Niliona moshi wa kuku wa kuchoma na vijana wa rolex, ile chapati ya kuviringishwa na mayai. Bondeni, kabla ya Mulago, kuna mtaa unaitwa Katanga. Nikacheka peke yangu: leo nimefika Katanga bila kuonyesha karatasi mpakani!

Kando ya njia mzee mmoja alitandika vitabu vilivyotumika. Vya darasa nilipata viwili. Cha tatu nilijinunulia, shilingi 5,000 baada ya kubishana sana: A Walk in the Woods cha Mmarekani Bill Bryson, kilichotoka mwaka 1998. Kinahusu njia ya miguu ya Appalachian huko Marekani, zaidi ya kilomita 3,500 milimani na porini, kutoka jimbo la Georgia hadi Maine. Watu wanaitembea kwa kupenda. Hakuna anayewafukuza.

Bryson alikwenda na rafiki anayemwita Katz, mtu mnene asiyezoea kutembea. Siku ya kwanza tu Katz aliona mzigo mzito, akaanza kutupa vitu porini, hata chakula. Bryson naye anaogopa dubu. Kwenye basi nilisoma mwanzo, nikarukia mwisho (tabia mbaya, wanafunzi msiige): kumbe hata nusu ya njia hawakuimaliza! Nilicheka mpaka abiria wa jirani akasogea.

Jioni nikamsimulia mama, anachambua maharage.

“Walitupa chakula?”

“Ndiyo, mama.”

“Na nani alikuwa anawafuata nyuma?”

“Hakuna mtu.”

Akanyamaza. Mwaka 2012 tulipotoka Rutshuru kwenda Bunagana nilikuwa na miaka 12, mdogo wangu mgongoni. Mama alibeba unga na sufuria kubwa ya arusi yake. Miaka yote nilijua sufuria iliibiwa. Jioni hiyo ndipo aliponiambia aliiacha mwenyewe chini ya mgomba, akaifunika majani, ili anipokee mtoto. Nilikuwa nimeanza kuyumba.

“Huyo Katz namwelewa,” akasema. “Lakini chakula, hapana. Haya, soma.”

Sasa kila jioni nawatafsiria kurasa chache. Watoto wa jirani wanauliza habari za dubu tu. Anayetaka kusikia aje baada ya chakula, ila aje na kiti chake.