Kunakiliwa kwa DNA: kutoka ubao wa Nangara hadi filamu ya 2017

DNA iliyomo katika kiini cha seli hunakiliwa yote kabla seli haijagawanyika, ili seli mbili zitakazotokea zisipungukiwe na kitu. Kwa binadamu, DNA ya seli moja ikinyooshwa hufikia takriban mita 2, na kuinakili huchukua kama saa 8. Polimerasi, kimeng'enya kinachounda uzi mpya, huongeza herufi, yaani vijenzi vya DNA, zipatazo 50 kwa sekunde. Lau kazi ingeanzia mahali pamoja tu, hata kwa kuelekea pande zote mbili, kromosomu kubwa kuliko zote ingechukua karibu mwezi mzima. Ndiyo maana huanzia katika makumi ya maelfu ya sehemu. Hadubini ya shule huonyesha kromosomu zilizokwisha kunakiliwa, zikiachana katika ncha ya mzizi wa kitunguu. Kunakiliwa kwenyewe haikuonyeshi. Mwanafunzi huujua mchakato huo kwa mchoro, na mchoro huo umebadilika sana ndani ya maisha ya mtu mmoja.

Katika kata ya Nangara, mjini Babati, mkoani Manyara, Tanzania, mwanzoni mwa miaka ya 2000, mkoa huo ukiwa umetoka tu kukatwa kutoka Mkoa wa Arusha mwaka 2002, mchoro ulikuwa wa chaki. Wanafunzi wa tuisheni ya baiolojia, mwandishi wa kumbukumbu hii akiwamo, waliona ubaoni ngazi iliyosokotwa, ikifunguka kuanzia chini kama zipu ya koti. Nyuzi za zamani zilikuwa nyeupe, mpya nyekundu. Pembeni mwalimu aliandika jinsi herufi zinavyooana: A kwa T, G kwa C. Kitabu kilikuwa kimoja, cha mwalimu, kwa hiyo kila mtu aliuhamishia mchoro daftarini kwa mkono wake; asiye na kalamu nyekundu alichora uzi mpya kwa nukta.

Rangi zile mbili zilibeba jambo zito. James Watson na Francis Crick walipoeleza umbo la DNA mwaka 1953, wakisaidiwa na picha za eksirei zilizotoka katika maabara ya Rosalind Franklin, ilibaki kujulikana kama nakala huwa mpya nzima au nusu yake ni ya zamani. Mwaka 1958 Matthew Meselson na Franklin Stahl, kwa kutumia nitrojeni nzito na nyepesi, walithibitisha kwamba kila nakala huhifadhi uzi mmoja wa zamani. Mweupe mmoja, mwekundu mmoja: chaki ilisema kweli.

Ila zipu ilificha jambo. Meno ya zipu hufunguka sawasawa pande zote mbili, na ubaoni nyuzi nyekundu zilirefuka kwa pamoja, kila moja kwa mshale wake. Kumbe nyuzi mbili za DNA zimelala kwa mielekeo inayopingana, na polimerasi hujenga kwa mwelekeo mmoja tu. Uzi mmoja mpya hufuata ufunguzi bila kukatika. Wa pili hulazimika kujengwa kinyumenyume, kipande kwa kipande, kisha vipande huungwa. Waliogundua hivyo katika miaka ya 1960 ni Reiji Okazaki na mkewe Tsuneko, katika Chuo Kikuu cha Nagoya, Japani, na vipande vinaitwa kwa jina lao. Reiji, aliyekuwa Hiroshima wakati wa bomu la 1945, alifariki kwa saratani ya damu mwaka 1975. Historia hiyo haikufika Nangara pamoja na mchoro, na ilistahili kufika.

Wakati huo wa chaki picha halisi zilikuwapo, zilizopigwa kwa subira kubwa. Mwaka 1957 J. Herbert Taylor alikuza miche ya maharage katika timidini (kijenzi cha DNA) yenye mionzi, na kromosomu zikajichora zenyewe kwenye filamu. Mwaka 1963 John Cairns alifanya hivyo kwa bakteria Escherichia coli, akaiacha filamu gizani miezi miwili, na ikatokea duara la DNA likiwa katikati ya kunakiliwa. Lakini hizo zilikuwa picha za kitu kilichosimama.

Mwendo uliletwa na simu. Filamu za michoro za Drew Berry, wa taasisi ya Walter and Eliza Hall huko Melbourne, zilitolewa mwaka 2003, miaka kadhaa kabla ya simu janja kuenea Babati. Simu zilipofika, wanafunzi walizipakua filamu hizo kwa bando la usiku na kurushiana kwa bluetooth. Humo kimeng'enya helikesi kinazunguka kwa kasi kikifungua ngazi, na uzi wa pili unajipinda kuwa kitanzi, unajengwa, unaachiliwa, unajipinda tena. Aliyekariri kwa miaka kwamba uzi huo hujengwa vipande vipande aliona sasa kwa nini. Kwa hilo pekee filamu ile inazidi michoro mia ya ubaoni.

Ulaini wake, hata hivyo, si wa kweli. Mwaka 2017 kundi la Stephen Kowalczykowski, katika Chuo Kikuu cha California, Davis, lilirekodi nyuzi moja moja za DNA zilizotiwa rangi inayong'aa, zikinakiliwa na vimeng'enya vya bakteria nje ya seli. Kasi ilipishana hata mara kumi. Polimerasi ya uzi mmoja ilisimama ghafla, ikaanza tena. Ile ya uzi wa pili haikuisubiri, na helikesi iliendelea kufungua kwa mwendo uliopungua hadi ilipofikiwa.

Kilichobaki nje ya michoro yote ni kosa. Polimerasi hujisahihisha, na baada ya masahihisho yote, pamoja na yale ya vimeng'enya vingine, hubaki takriban kosa moja katika herufi bilioni. Kosa likitokea katika mbegu za uzazi, huweza kurithiwa. Mwaka 2007 Sarah Tishkoff na wenzake, baada ya kuwachunguza watu 470 wa Tanzania, Kenya na Sudan, walieleza badiliko la G kuwa C karibu na jeni ya kimeng'enya laktesi, linalomwezesha mtu mzima kumeng'enya maziwa. Lilitokea ndani ya miaka 7,000 hivi iliyopita na limeenea hasa Tanzania na Kenya, katika jamii zinazofuga ng'ombe.