Siku 45 za Kaka Yangu

Ndugu msomaji, wewe sasa unajua kusoma. Mimi pia najua. Tena kazi yangu ni kuwafundisha watu wazima kusoma. Hata hivyo nilishika barua mkononi, nikaisoma vizuri, nikamharibia kaka yangu kazi yake.

Kaka alikuwa bwana shamba. Mwaka 2018 alipewa barua ya kufukuzwa kazi. Barua ilisema hakuwapo kazini siku nyingi bila ruhusa. Kweli hakuwapo. Alikuwa anamuuguza mama yetu, na ruhusa aliomba kwa mdomo tu. Lakini hakupewa hati ya mashtaka, wala hakuitwa ajieleze. Alikabidhiwa bahasha, basi.

Alikuja kwangu Tabora jioni. Tukakaa chini ya mwembe, nikaisoma ile barua. Nikamwambia, "Kaka, usiandike kitu kwanza. Ukiandika utawaudhi wakubwa. Ngoja nizungumze nao." Mimi ni mdogo wake, lakini alinisikiliza kwa sababu nina cheti.

Nikaanza kwenda na kurudi. Leo mkubwa yuko safarini. Kesho yuko kikaoni. Mmoja alinipa soda akasema, "Jambo hili tutalimaliza." Sidhani kama alinidanganya. Labda alitaka kweli kusaidia. Lakini siku zilikuwa zinakwenda.

Wakati ule Kanuni za Utumishi wa Umma za mwaka 2003 zilimpa mtumishi siku 45 za kukata rufaa. Rufaa ya kaka ilitakiwa iende Tume ya Utumishi wa Umma. Je, siku 45 ni nyingi? Zamani wapagazi wa Kinyamwezi walitembea kama miezi mitatu kutoka Bagamoyo mpaka Tabora, mizigo mabegani. Kwa siku 45 mpagazi alikuwa amefika nusu ya safari. Sisi tulikuwa bado chini ya mwembe.

Tuliandika rufaa siku ya 70. Tulipoulizwa sababu ya kuchelewa, tulisema tulikuwa katika mazungumzo. Jibu likaja: rufaa imechelewa. Ile habari ya kutoitwa kujieleza, ambayo ndiyo ilikuwa nguvu yetu, haikusikilizwa.

Kaka akauliza, "Na Mahakama Kuu?" Mahakama Kuu ipo hapa hapa Tabora. Tulimwendea mwanasheria. Alisema Mahakama Kuu inaweza kuuchunguza uamuzi wa ofisi ya serikali, nawe huomba kibali kwanza, ndani ya miezi 6. Lakini tangu mwaka 2016 sheria inasema wazi kwamba mtumishi amalize kwanza ngazi za rufaa za utumishi. Sisi tulikuwa tumejikwaa ngazi ya kwanza.

Wazee wetu walikuwa na njia nyingine. Mwaka 1966 iliundwa Tume ya Kudumu ya Uchunguzi. Ilizunguka mikoani kusikiliza malalamiko, na asiyejua kuandika alisema kwa mdomo. Siku hizi malalamiko ya namna hiyo hupokewa na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora. Lakini rufaa ya kazi huandikwa.

Basi ndugu, wewe au mwanao akipewa barua ya namna hii, andika juu yake tarehe mliyoipokea. Uliza siku ile ile: rufaa inakwenda wapi, na ndani ya siku ngapi? Ipeleke pamoja na nakala, na nakala yako igongwe muhuri uondoke nayo. Kuzungumza na wakubwa si kosa. Zungumza nao rufaa ikiwa imeshafika.

Kaka sasa analima karanga na tumbaku kidogo. Akija mjini tunakaa chini ya mwembe ule ule. Hajanilaumu hata siku moja. Mwaka jana mwanawe alipata kazi ya ukarani, na barua yake ya kwanza ya ofisi kaka aliniletea nimsomee, ingawa yeye mwenyewe anajua kusoma.