Mikeka Mbele ya Ofisi

Sisi makatekista wa Kongolo tumezoea kuitwa penye mgonjwa au penye msiba. Mwaka 2022, siku chache kabla ya Majilio, tuliitwa penye mikeka. Wazee waliostaafu walikuwa wanalala mbele ya ofisi ya shirika lao (jina lake tuliache), wakidai mishahara ya miezi mingi. Tulikwenda kwa nia ya kuwaambia warudi nyumbani. Twaungama hapa: tuliwaogopa wakubwa.

Kumbe pale palikuwa kijiji. Vyandarua vilifungwa kwenye ua wa ofisi. Alfajiri akina mama walipanga mstari bombani, watoto wakanawa uso, wakaenda shuleni wakitoka pale pale. Mchana ni bukari na sombe. Samaki wa Lualaba alionekana siku moja tu, naye aligawanywa kipande cha vidole viwili kwa kila mtu. Jioni tulisali Rozari chini ya mwembe, Waislamu wakisali upande wa ukuta, nasi tukangoja wamalize ndipo tuimbe. Taa hatukuwa nayo. Mwanga wa jenereta la wakubwa ulitufikia bure.

Mama mmoja akatuuliza: "Katekista, kuketi hapa ni dhambi?" Jibu tulilijua tangu seminari, ila halijatutoka kinywani hata siku moja. Baba Mtakatifu Leo XIII, katika barua yake Rerum Novarum ya mwaka 1891, alifundisha kwamba mshahara usipungue kile kinachomtosha mfanyakazi mwenye kiasi, na kwamba kumdhulumu ujira wake ni kosa linalolia mbinguni. Tulipoyasema hayo, mzee mmoja akakumbusha Elisabethville, tarehe 9 Desemba 1941. Wafanyakazi wa Union Minière walikusanyika katika uwanja wa mpira kudai nyongeza, maana vita ilikuwa imepandisha bei ya vitu. Askari wakawapiga risasi. Msemaji wao, Léonard Mpoyi, akafa pamoja na wengine wengi.

"Sisi tutapigwa na mvua tu," akasema mzee.

Kweli, usiku wa tatu ikanyesha. Kesho yake walilipwa mwezi mmoja, wakatawanyika na mikeka yao mibichi.

Mzee yule ndiye mshika daftari la madai. Juzi alituita tumwandikie, kwa kuwa macho yamefifia. Tulidhani ni hesabu. Akafungua ukurasa wa nyuma, wa waliofariki wakingoja, akatutajia majina mawili.